Mjusi wa Tendaguru hakuondoka peke yake

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu ya barua za wasomaji nitoe neno kuhusu makala iliyochapwa hivi karibuni katika gazeti lako, iliyoeleza habari za mifupa ya dinosaria iliyochimbwa Tendaguru, mkoani Lindi, na kupelekwa Ujerumani zaidi ya miaka mia moja iliyopita. Makala ile niliipenda. Mimi ni mwalimu wa Biolojia katika shule ya sekondari hapa mkoani, na kesho yake niliikata nikaibandika kwenye ubao wa darasa ili wanafunzi waisome wakati wa mapumziko. Waliisoma, na mmoja wao, msichana wa kidato cha pili, akaja ofisini na swali lililotokana na sentensi moja ya mwandishi wenu, ile iliyosema kwamba katika zama za dinosaria mamalia walikuwa panya wachache tu waliojificha mashimoni mpaka wakubwa walipokwisha. Aliniuliza, "Mwalimu, hao panya nao walichimbwa Tendaguru?"

Swali hilo ndilo lililonifanya nishike kalamu. Hawakuwa panya. Lakini ndiyo, walichimbwa Tendaguru, wakapanda meli pamoja na yule mjusi mkubwa, dinosaria wa Tendaguru aliyesimamishwa Berlin, na kwa miaka mingi hakuna mtu aliyejua kwamba wamo.

Nianze na hilo la panya, kwa sababu ni kosa ninalolisikia mara nyingi, hata kwa walimu wenzangu. Panya na jamaa zake wote wenye kuguguna, yaani kindi, nungunungu, ndezi na wengineo, ni wageni katika dunia hii. Visukuku vyao vya kale kabisa havifiki miaka milioni 60, na dinosaria wakubwa walikwisha toweka miaka milioni 66 iliyopita. Kazi ambayo leo inafanywa na panya na kindi, ya kutafuna mbegu, matunda, majani na mizizi kwa kimo kidogo cha mwili, zamani hizo ilifanywa na koo nyingine za mamalia ambazo zimetoweka zote na hazikuacha hata mjukuu mmoja. Ukoo unaojulikana zaidi miongoni mwao ni ule wa multituberkulata, jina linalomaanisha "wenye vinundu vingi". Mtu aliyewahi kushika gunzi la mhindi ataelewa jina hilo mara moja: magego yao yalikuwa na safu mbili au tatu za vinundu vilivyopangika kwa urefu wa jino, mithili ya punje za mahindi, na vinundu vya jino la chini vilipita katika mifereji iliyo kati ya safu za jino la juu. Mbele ya magego hayo, wengi wao walikuwa na jino moja kubwa katika taya la chini, jembamba, lenye ukingo wa mviringo uliochongeka kama msumeno, la kukatia maganda na vitu vigumu kabla ya kusaga.

Namna yao ya kutafuna haipo tena kwa mnyama yeyote ninayeweza kumwonyesha mwanafunzi. Mbuzi akicheua, taya lake huenda upande, na kila mtoto wa Lindi ameliona hilo. Panya anaposaga hulisukuma taya lake mbele. Multituberkulata walilivuta nyuma. Wataalamu wamelijua hilo kutokana na mikwaruzo midogo iliyobaki juu ya magego, ambayo yote inaelekea upande mmoja, na kutokana na mahali misuli ya taya ilipojishikiza kwenye fuvu. Darasani huwa nawaambia wanafunzi wafikirie mbuzi ya kukunia nazi: meno yametulia, nazi ndiyo inayovutwa juu yake, na kazi yote imo katika ule mvuto. Kisha nawaambia wajaribu kutafuna hivyo kwa dakika moja, na darasa zima hugundua kwamba taya la binadamu halikuumbwa kwa kazi hiyo.

Ukoo huu uliishi kwa zaidi ya miaka milioni 100. Mmoja wa wazee wao, Rugosodon, aliyechimbwa China na kutangazwa mwaka 2013, ana umri wa takriban miaka milioni 160, na wa mwisho walitoweka kama miaka milioni 35 iliyopita, muda mrefu baada ya dinosaria kwisha. Sijui ukoo mwingine wa mamalia uliodumu hivyo. Kwa hiyo mtu anaposema kwamba walikuwa wakijificha tu wakingoja zamu yao, anawaondolea heshima waliyostahili. Mwaka 2012 Gregory Wilson na wenzake walichapisha katika jarida la Nature utafiti waliopima humo ugumu wa sura za meno ya multituberkulata wa nyakati mbalimbali, na wakaonyesha kwamba meno hayo yalianza kuwa na vinundu vingi zaidi, na aina za wanyama hao kuongezeka, kiasi cha miaka milioni 20 kabla ya dinosaria kutoweka. Sababu waliyoipendekeza ni chakula: huo ndio wakati mimea yenye kutoa maua ilipokuwa ikienea, na mnyama mwenye meno ya kusaga alipata mbegu, matunda na majani ambayo wazee wake hawakuyajua. Walistawi wakati dinosaria wangali wakitembea juu ya vichwa vyao.

Hata lile neno la mashimo linahitaji kusemwa kwa uangalifu. Ni kweli kwamba baadhi yao walichimba. Huko Montana, nchini Marekani, katika mahali panapojulikana kwa viota vya dinosaria, watafiti walipata multituberkulata waliopewa jina la Filikomys, wenye umri wa zaidi ya miaka milioni 75, wakiwa wamelala pamoja katika vikundi, wakubwa kwa wadogo, ndani ya mashimo yao. Taarifa ilitoka mwaka 2020. Waliotafiti walieleza kwamba wanyama hao waliishi kijamaa. Shimo lile lilikuwa nyumba ya ukoo, na nyumba si maficho.

Wengine wala hawakuishi ardhini. Ptilodus, aliyeishi Amerika ya Kaskazini baada ya dinosaria, alikuwa na mkia wa kushikia matawi na miguu ya nyuma iliyoweza kugeuka kisigino mbele ili ashuke mtini kichwa kikiwa chini, kama afanyavyo kindi. Na katika ukoo mwingine wa kale zaidi, wa haramiya, walikuwamo waliokuwa na ngozi pana kati ya miguu ya mbele na ya nyuma, wakiambaa hewani kutoka mti hadi mti. Maiopatagium ni mmoja wao, alichimbwa China na kutangazwa mwaka 2017, mla mimea wa miaka milioni 160 iliyopita, wakati ambapo hapakuwa na ua wala tunda la kawaida duniani, ila misonobari, mitapo na makangaga.

Huyu haramiya ndiye anayenirudisha Tendaguru.

Kilima cha Tendaguru kiko kaskazini-magharibi ya mji wa Lindi. Msafara wa Wajerumani ulichimba huko tangu mwaka 1909 hadi 1913, chini ya Werner Janensch na Edwin Hennig, na baadaye Hans Reck, miaka michache tu baada ya Vita vya Maji Maji kuziacha nchi hizi na njaa na makaburi. Waliochimba kwa mikono yao walikuwa watu wa huku. Mamia yao waliajiriwa kila msimu, na msimamizi wao, Boheti bin Amrani, aliijua kazi ya kufukua mfupa kuliko wengi waliokuja na vyeti. Mifupa ilifungwa kwa plasta, udongo na mianzi, ikabebwa vichwani na mabegani kwa mwendo wa siku nne hivi mpaka bandarini Lindi, na jumla ya mzigo wote ilizidi tani 200. Kutokana na mzigo huo, mwaka 1937 alisimamishwa Berlin yule mjusi mwenye kimo cha zaidi ya mita 13, ambaye mwandishi wenu alimweleza vizuri.

Jambo ambalo makala haikulisema ni kwamba mifupa haikusafiri mitupu. Kila mfupa ulikuwa umeshikwa na udongo mgumu uliofukuliwa nao, na katika udongo huo mlikuwa na vitu vidogo ambavyo mchimbaji wa mifupa mikubwa hana macho navyo. Taya moja dogo lisilo na meno lilitambuliwa mapema, na mwaka 1927 mtaalamu wa visukuku, Dietrich, akalipa jina la Brancatherulum tendagurense. Halafu kimya kirefu kikapita. Katika miaka ya 1990, mtaalamu wa makumbusho ya Berlin, Wolf-Dieter Heinrich, aliurudia ule udongo wa zamani, uliotoka hasa katika chimbo la Kindope, karibu na Tendaguru, ambako zilipatikana maelfu ya mifupa ya dinosaria mdogo mla mimea. Humo akapata meno ya mamalia. Mwaka 1998 akatangaza wawili, Tendagurodon janenschi na Tendagurutherium dietrichi. Mwaka 1999 akatangaza wa tatu, akamwita Staffia, jina alilolazimika kulibadili mwaka 2004 kuwa Allostaffia kwa sababu la kwanza lilikuwa tayari limepewa kiumbe mwingine. Huyu Allostaffia ndiye haramiya wetu. Ana umri wa takriban miaka milioni 150, na meno yake yana safu za vinundu za mnyama anayesaga. Wapo wataalamu waliopendekeza baadaye kwamba huenda akawa wa ukoo mwingine, wa gondwanatheria, nitakaoueleza hapa chini. Kwa vyovyote vile, wakati mjusi mwenye shingo ya mita kadhaa alipokuwa akikata vilele vya misonobari karibu na pwani ya kale ya Lindi, palikuwapo chini yake mnyama wa kutoshea kiganjani aliyekuwa na karamu yake mwenyewe.

Naomba wasomaji wako watulie kidogo juu ya jambo hili. Meno hayo hayazidi punje ya mchele. Yalikaa ndani ya bonge la udongo, bonge likawa ndani ya furushi, furushi likawa kichwani mwa mpagazi aliyetoka Tendaguru alfajiri na kuteremka kuelekea Lindi, na mpagazi huyo alibeba wanyama wawili bila kujua. Nina wazee katika ukoo wangu waliosimuliwa na wazazi wao habari za njia ile. Wamesimulia uzito wa mizigo, kiu, na nyimbo za njiani. Hakuna aliyesimulia meno madogo, kwa kuwa hakuna aliyeyaona, si Mwafrika wala Mzungu, kwa muda wa miaka zaidi ya themanini.

Wala Tendaguru si mahali pekee ilipotokea hivyo, na hapa ndipo penye hoja yangu kubwa. Nenda ng'ambo ya bahari, Madagaska. Mwaka 1999 wachimbaji walifunga kwa plasta bonge la mwamba wakidhani wamebeba mamba mdogo. Lilipofunguliwa maabara baadaye, ubavuni mwa mamba wakamkuta mamalia aliyelala mzima, karibu mifupa yake yote ikiwa mahali pake. Alitangazwa mwaka 2020 na David Krause na wenzake kwa jina la Adalatherium. Kabla ya hapo, mwaka 2014, Krause huyohuyo alikuwa amemtangaza Vintana, fuvu zima la mnyama mla mimea ambaye anakadiriwa kuwa na kilo 9 hivi, na fuvu hilo nalo lilionekana kwa bahati, bonge la mwamba lililojaa visukuku vya samaki lilipopigwa picha za eksirei za kompyuta. Jina Vintana ni la Kimalagasi, na maana yake ni bahati. Wote wawili ni wa ukoo wa gondwanatheria, wala mimea wa mabara ya kusini, ambao waliishi wakati wa dinosaria wa mwisho.

Kwa hiyo mara ya kwanza ilikuwa ndani ya udongo wa mjusi, mara ya pili ubavuni mwa mamba, mara ya tatu katikati ya samaki. Wanyama hawa wadogo hupatikana ndani ya mzigo wa mnyama mwingine. Hawana mfupa unaochomoza ardhini na kumkwaza mpita njia, na hupatikana na yule tu aliyeuhifadhi udongo, akauosha, akauchekecha, kisha akakaa chini na kuchagua chembe moja moja kama mama anavyochagua mchele kwenye ungo. Mtu akiuchukua mfupa na kuutupa udongo, amewatupa wao.

Tanzania inaye mwingine, na huyu ninaona ni aibu kwamba hatumjui. Katika bonde la Ziwa Rukwa, karibu na kijiji cha Galula ambacho sasa kiko mkoa wa Songwe, watafiti walipata kipande cha taya la chini la upande wa kushoto, kifupi kuliko kidole gumba cha mtu mzima. Kilielezwa kwa mara ya kwanza mwaka 2003, na mwaka 2019 Patrick O'Connor na wenzake wakampa mnyama huyo jina kamili, Galulatherium jenkinsi. Aliishi katika sehemu ya mwisho ya kipindi cha Kretasia, kati ya miaka milioni 94 na 72 iliyopita kwa makadirio ya miamba ile, na ni miongoni mwa mamalia wachache sana wa kipindi hicho waliopatikana katika bara zima la Afrika. Alidhaniwa tangu mwanzo kuwa wa gondwanatheria, na bado anawekwa karibu nao kwa tahadhari.

Meno ya Galulatherium yanastahili somo lake peke yake. Yalikuwa marefu, yamezama ndani kabisa ya taya, yasiyo na mizizi iliyofunga, kwa hiyo yaliendelea kuota maisha yote ya mnyama, na hayakuwa na lile gamba gumu jeupe linalofunika jino la binadamu. Wanafunzi wangu hushangaa kusikia kwamba jino laweza kukosa gamba hilo na bado likafaa. Nawakumbusha muhanga, ambaye wengi wao wameyaona mashimo yake mashambani hata kama hawajamwona mwenyewe: magego ya muhanga nayo hayana gamba hilo, nayo huota bila kukoma. Muhanga si jamaa yake, kama vile pimbi wa mawe ya Mbeya na Songwe asivyo jamaa yake ingawa anakula majani. Hizi ni njia zilezile zilizopitwa mara mbili na wasafiri wasiojuana. Jino linaloota kila siku ni dalili ya mnyama ambaye chakula chake kinamla meno: majani makavu, mizizi yenye mchanga, vitu vinavyokwaruza. Katika kipande kile kimoja tu cha taya tumepewa habari za mlo wa mnyama, na kwa njia hiyo habari za ardhi ya Songwe kabla haijakuwa Songwe.

Miamba hiyohiyo imetupa dinosaria wawili wenye shingo ndefu, Rukwatitan mwaka 2014 na Shingopana mwaka 2017, na mamba wa ajabu mwenye meno yanayofanana na ya mamalia, Pakasuchus, aliyetangazwa mwaka 2010. Msomaji anaweza kuyasoma majina hayo bila mkalimani. Shingopana ni shingo pana. Pakasuchus ana paka ndani yake, na jina lake la pili, kapilimai, ni kumbukumbu ya Profesa Saidi Kapilima wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Yuko pia Mnyamawamtuka moyowamkia wa mwaka 2019, na kutoka Tendaguru yuko Australodocus bohetii, aliyepewa jina la Boheti bin Amrani mwaka 2007, karibu karne nzima baada ya kazi yake. Hizi ni heshima zilizochelewa, lakini zimefika. Kwa wanyama wadogo bado hazijafika. Hao wa Tendaguru wamebeba majina ya Branca, Janensch, Dietrich na Staff, na yule wa Galula, ingawa kijiji kimepata sehemu yake, jina lake la pili ni la mtaalamu wa Marekani, Farish Jenkins. Simlaumu mtu, kwa kuwa Jenkins alikuwa bingwa wa mwendo wa wanyama hawa, na ndiye aliyeonyesha pamoja na Krause jinsi Ptilodus alivyopanda miti. Nasema tu kwamba Wamongolia walifaidika zaidi. Profesa Zofia Kielan-Jaworowska wa Poland, aliyeongoza misafara ya jangwa la Gobi kati ya mwaka 1963 na 1971, aliporudi na mafuvu ya multituberkulata yaliyohifadhika kuliko yote yaliyojulikana, alizipa jinsi nyingi za wanyama hao majina yanayomalizikia kwa baatar, neno la Kimongolia lenye maana ya shujaa: Kryptobaatar, Nemegtbaatar, Bulganbaatar. Mtoto wa Ulaanbaatar akifungua kitabu cha visukuku hukutana na neno la nyumbani kwao juu ya picha ya mnyama wa gramu chache.

Majina ya kisayansi yakishatolewa hayabadilishwi kwa kupenda tu, isipokuwa kwa sababu kama ile ya Staffia, na hiyo ni kanuni ninayoiheshimu. Lakini jina la Kiswahili la matumizi ya kila siku hakuna anayetuzuia kulitunga, na kukosekana kwake ndiko kunakowasukuma waandishi wetu waandike "panya". Nimependekeza darasani tumwite Allostaffia "kigego wa Tendaguru" na mwenzake "kigego wa Galula", kwa kuwa gego ndilo tulilonalo mkononi. Wajuzi wa lugha na Baraza la Kiswahili wanaweza kupata lililo bora zaidi, nami nitalipokea kwa furaha. Ninachoomba ni kwamba lipatikane kabla makala nyingine haijaandikwa.

Sasa nije kwenye ombi langu, ambalo linawahusu pia wenye mamlaka ya mambo ya kale wanaosoma gazeti hili. Kila mjadala wa Tendaguru unapozuka, bungeni au magazetini, huwa ni wa yule mmoja aliyesimama: arudishwe, asirudishwe, tujengewe makumbusho, tulipwe kwa viingilio. Mimi ni mtu wa Lindi na ninao msimamo wangu katika hilo, lakini siuleti hapa. Naleta jambo ambalo pande zote mbili zinaweza kukubaliana nalo. Katika mazungumzo yoyote yatakayofanyika, meno madogo yaliyopatikana yatajwe kwa majina, moja moja, na udongo ambao haujachekechwa utajwe pia kama sehemu ya urithi ule. Mpaka miaka ya karibuni yalikuwapo Berlin mafurushi ya mianzi kutoka Tendaguru ambayo hayajawahi kufunguliwa tangu yafungwe na mikono ya babu zetu. Mtu anayehesabu mifupa mikubwa peke yake atayaona mafurushi hayo kuwa mabaki ya kazi. Kwa yaliyokwisha kutokea, napaona humo ndipo penye uwezekano wa kumpata haramiya mwingine, huenda na taya zima badala ya jino moja.

Na kazi hiyo inawezekana kufanyika hapa. Kumsimamisha mjusi wa mita 13 kunahitaji ukumbi ambao Lindi haina, na fedha ambazo si rahisi kuzipata. Kuchekecha udongo kunahitaji chekeche za matundu madogo, maji, meza, taa nzuri, hadubini na vijana wenye subira. Mwaka jana nilijaribu na wanafunzi wangu kwa mchanga wa kawaida wa mtoni, mbali kabisa na maeneo yanayolindwa na sheria ya mambo ya kale, ili tu waione kazi yenyewe. Tulichekecha ndoo tatu. Kwa saa mbili hatukupata kitu isipokuwa vipande vya konokono. Karibu na kengele ya kutokea, kijana mmoja ambaye huwa hatulii darasani akaniita kwa sauti ya chini, kana kwamba akipaza sauti kitu kitakimbia. Katika kiganja chake palikuwa na taya la panya wa siku hizi, dogo, jeupe, meno mawili yakiwa bado mahali pake. Alilishika kwa ncha za vidole mpaka tulipolifikisha kwenye hadubini, na wenzake wakapanga foleni. Kijana huyo sasa anaweza kueleza tofauti ya jino la panya na la multituberkulata vizuri kuliko mwandishi wa sentensi ile, na nasema hivi kwa heshima zote, maana kabla ya hapo naye alikuwa akiwaita wote panya.

Naomba pia mhariri, ukipata nafasi, umtume mwandishi wako Galula. Aende akaione ile miamba myekundu, azungumze na wanakijiji waliofanya kazi na watafiti kwa miaka yote hiyo, kisha atuandikie makala nzima juu ya taya lile moja. Ukurasa aliopewa mjusi umejaa habari njema, lakini aliyeishi chini yake hajapewa hata aya.

Msichana wa kidato cha pili nilimjibu kwa urefu, karibu kipindi kizima. Aliponisikiliza mpaka mwisho aliuliza swali la pili: meno hayo yakiletwa Lindi, tutayaona kwa macho au kwa hadubini? Nilimwambia kwa hadubini, na kwamba shule yetu inayo moja, inafanya kazi, na yeye atakuwa wa kwanza kwenye foleni.

Wako katika ujenzi wa taifa,
Mwalimu wa Biolojia,
Lindi